Godoro la upepo kwa wageni wa Namugongo: kulijaza, kulilalia na kulikunja

MamaTabu_Kireka

Shikamooni wakubwa, na wenzangu hamjambo humu.

Nakaa Kireka, pembeni mwa Kampala, muzigo (nyumba ya kupanga) wa vyumba viwili. Juni hii mama mkwe na mawifi wanatoka Musoma kuja kuhiji Namugongo, kwa Mashahidi wa Uganda. Kwa miguu ya mama mkwe habari ya kukesha uwanjani haipo, kwa hiyo wote watalala kwangu mpaka tarehe 3 ipite. Kitanda cha watoto nampa mama. Waliobaki ni sebuleni.

Shemeji aliyeko Marekani aliwahi kututumia godoro la upepo, lile la watu wawili, nene, lina pampu ndani kwa ndani na waya wake wa umeme. Bado liko kwenye boksi. Anayelijua anieleze: nachomeka tu ukutani? Linakaa na upepo mpaka asubuhi, au watu wazima wataamkia kwenye simenti? Na wakishaondoka, linarudije ndani ya boksi lile? Kwangu hakuna stoo, kila kitu kinaingia chini ya kitanda. Kijana wangu anasema tusihangaike, ana pampu ya baiskeli.

FundiUmeme_Ntinda

Usichomeke kwanza.

Geuza pale kwenye pampu usome maandishi madogo. Vitu vya Marekani mara nyingi vimeandikwa 120V 60Hz. Ukutani kwako ni 240V. Ukichomeka, pampu inapata umeme mara mbili ya iliyotengenezewa: itapiga kelele kali, itatoa harufu, kwisha. Na kwa kuwa imefungwa ndani ya godoro, ikiungua hupati ya kubadilisha.

Watu wengi hudanganyika na adapta. Adapta ya kutoka miguu miwili bapa kwenda mitatu inabadilisha umbo la plagi peke yake, umeme ni uleule. Unachotaka ni transfoma ya kushusha 240 kwenda 110, na wati zake zizidi zilizoandikwa kwenye pampu, kwa sababu mota ikianza kuzunguka hudai umeme mwingi kuliko ikishachanganya. Ukikuta imeandikwa 220–240V, chomeka bila wasiwasi.

MamaTabu_Kireka

Bannange! Ni 120V kweli, nimesoma kwa tochi ya simu. Webale nnyo, ssebo.

Pembeni mwa pampu kuna kizibo kingine kidogo, kimeshikiliwa na kikanda cha plastiki. Hicho ni cha nini?

BintiKagera

Dada, hicho ndicho mkombozi wako. Ni mdomo wa kutilia upepo kwa mkono, wameuweka kwa siku ambayo umeme umekatika. Ukiutumia huo huna haja ya transfoma. Tafuta pampu ya mguu au ya mkono ya kujazia vitu vya kuogelea. Zinakuja na ncha za ukubwa tofauti tofauti. Chagua inayobana vizuri kwenye mdomo, usishike kwa kidole upepo ukipenya pembeni.

Na tafadhali msipulize kwa kinywa. Kwanza utazimia kabla halijainuka. Pili pumzi ina unyevunyevu, unabaki humo ndani, na godoro likikaa limekunjwa miezi linaota ukungu ambao huwezi kuusafisha maana hufiki.

Dereva_Njia_Kuu

Kwa kijana mwenye pampu ya baiskeli, tumfanyie hesabu kidogo. Godoro la watu wawili la kawaida ni kama sentimita 137 kwa 191, unene 22. Zidisha: zaidi ya lita 500 za upepo. Pampu ya baiskeli, ile ndefu ya kusimama, kwa kila pigo inatoa kama theluthi ya lita. Hayo ni mapigo zaidi ya 1,500, na godoro lako ni nene kuliko hilo! Atalimaliza Agosti.

Pampu ya baiskeli ilitengenezwa kusukuma upepo kidogo kwa nguvu kubwa. Godoro linataka kinyume chake, upepo mwingi kwa nguvu ndogo. Ndiyo maana hata vile vipampu vya gari vya kujazia tairi, vinavyochomekwa kwenye tundu la kuwashia sigara, vinachukua muda mrefu mpaka vinachemka. Zipo za 12V za magodoro hasa, zenye mdomo mpana, hizo ni dakika chache tu.

Mzee_wa_Bombo

Nimelala juu ya ardhi miaka mingi kazini na mgongo huu bado unasimama sawasawa. Mkeka. Blanketi moja chini, moja juu. Hakuna voltage, hakuna transfoma. Mahujaji wanakwenda kuwakumbuka watu waliochomwa moto mwaka 1886, nyinyi mnawatafutia pampu.

BintiKagera

Shikamoo mzee. Mkeka umo kwenye mpango, usiwe na shaka: utakuwa chini ya godoro.

Mzee_wa_Bombo

Marahaba. Basi angalau mmeufikisha mahali pake.

MwongozaHema

Nimechelewa kuuona uzi huu. Kazi yangu ni kupeleka watu kupiga kambi, Sipi, Bunyonyi, Ssese, mahali popote penye nyasi na choo. Haya magodoro nayajua kuliko ninavyopenda kuyajua. Mama Tabu, niruhusu nianze chini kwenda juu.

Sakafu. Fagia mara mbili, halafu pitisha kiganja. Simenti za hizi nyumba zetu zina punje za mchanga ambazo ufagio haubebi, na punje moja chini ya watu wawili wanaojigeuza usiku kucha ni msasa. Tandika mkeka wa mzee wetu wa Bombo, au turubai, au zulia kuukuu. Msilivute godoro likiwa limejaa, liinueni.

Kulijaza. Lifungue mchana, si saa nne usiku wageni wamekaa wanakutazama. Jaza mpaka likisimama unalibonyeza kwa kiganja linarudi polepole. Liache saa chache. Jioni litakuwa limelegea, ongeza. Usiku kabla watu hawajalala, ongeza tena kidogo. Hapo wengi ndipo wanapopiga kelele "lina pancha!" na mimi nasema asilimia kubwa ya pancha zinazolalamikiwa si pancha hata kidogo. Plastiki mpya inatanuka. Ikishatanuka, upepo uleule unakaa kwenye nafasi kubwa zaidi, na godoro linalegea bila hata tundu la sindano. Hufanya hivyo zile siku za mwanzo, baadaye linatulia.

Sababu ya pili ni baridi. Umejaza sebuleni mchana, chini ya mabati, nyuzi 28. Alfajiri Kampala inashuka mpaka 18 au chini yake. Upepo ukipoa unasinyaa, na kwa tofauti hiyo ni kama asilimia 3 tu. Utasema 3 ni nini? Lakini godoro la kulalia halizidi psi 1 (psi ni kipimo cha msukumo wa upepo), wakati tairi la gari liko 30 hivi. Kile kidogo kilichozidi upepo wa nje ndicho kinachokubeba, na ile asilimia 3 inakula sehemu kubwa ya hicho kidogo. Nikiwa na wageni Kabale, kule juu karibu mita 2,000, nawaambia kabisa: ongezeni upepo kiza kikiingia, hewa ikishapoa, la sivyo saa tisa usiku makalio yatasalimiana na ardhi.

Kingine wasichokijua wengi: baridi inatoka chini. Upepo ulio ndani ya godoro haukai tuli, unazunguka, unachukua joto la mwili na kulipeleka sakafuni. Mtu anaongeza blanketi juu, anaongeza la pili, bado anatetemeka. Weka blanketi moja kati ya mtu na godoro. Kwa mama mkwe ningeweka mawili, lakini umesema yeye ana kitanda.

KijanaArua

Mimi nalijaza mpaka linagonga kama ngoma. Likiwa gumu ndiyo halibonyei. Kwanza nampelekea fundi wa tairi hapa stendi, anatia kwa mashine, sekunde tu, kwisha kazi.

MwongozaHema

Tangi la mashine ya fundi tairi lina psi 100 na zaidi. Sekunde hizo unazozisifu ndizo zinazoliua.

Ndani ya godoro kuna kuta nyembamba za plastiki zinazoshikanisha uso wa juu na wa chini, ndizo zinazolifanya liwe bapa. Bila hizo lingekuwa puto. Ukizidisha upepo, ukuta mmoja unabanduka, unasikia "pwa!" ndogo, na kesho yake kuna nundu katikati. Ukuta wa jirani sasa unabeba mzigo wa wawili, nao unabanduka. Nundu haina fundi. Na ukiliacha limejaa hivyo Arua mchana, jua linaingia dirishani, upepo unatanuka wenyewe juu ya ule uliozidisha. Likijazwa sawasawa, ukikaa katikati linabonyea kidogo bila makalio kugusa chini. Ukilala ubavu, bega linazama kidogo. Basi hapo.

KijanaArua

Kumbe ile nundu yangu ina historia. Nilimlaumu aliyeniuzia.

Dereva_Njia_Kuu

Habari ya kutanuka, sisi wa malori tunaijua kwa njia nyingine. Wapo vijana wanaoweka kigodoro cha upepo kitandani nyuma ya kiti. Mtu anakijaza Mombasa, usawa wa bahari, anakiacha kimejaa. Gari linapanda: Nairobi, Nakuru, mpaka Timboroa ambako ni karibu mita 2,700. Huko juu hewa ya nje ni nyepesi, ile ya ndani inasukuma. Ukitaka ushahidi tazama pakiti ya krispi mliyoinunua Mombasa, ikifika Timboroa imevimba mashavu. Godoro nalo hivyohivyo, kama halikupasuka litakuwa limebandua kuta alizozitaja Mwongoza. Halafu unashuka Malaba, linalegea, mtu anadhani limetoboka, anaongeza upepo, anarudi nalo kupanda mlima. Kwa safari ndefu ya milima ni heri ulitoe upepo kabisa na kulijaza mahali unapolala.

Foleni ya Malaba ikiwa ndefu muda wa kupiga pampu utaupata, usijali.

Nnalongo_Jinja

Mmeongea mambo ya upepo mpaka mmesahau watu. Mama Tabu, miongoni mwa mawifi kuna mwenye mtoto mchanga?

MamaTabu_Kireka

Yupo mdogo wao, ana wa miezi minane.

Nnalongo_Jinja

Basi huyo mtoto asilale hapo hata kidogo, hata pamoja na mama yake. Godoro hili linabonyea penye uzito. Mama akilala, mtoto anabingirika kwenye lile bonde, uso unazama kwenye plastiki au kwenye ubavu wa mama, na mwenyewe hawezi kujitoa. Au anateleza kati ya godoro na ukuta. Maboksi mengi ya magodoro haya yana onyo kwa watoto wa chini ya miezi 15, soma lako. Mtoto alale juu ya kitu kigumu na bapa, hata kijigodoro chake kidogo cha sponji pale karibu na mama.

La pili ni mbu. Watu wakilala sebuleni mnawasha ile dawa ya mbu ya kuzunguka, mnaiweka chini karibu na kichwa. Ile ncha ikigusa ubavu wa godoro ni tundu hapohapo, tena la kuyeyuka, baya kuliko la mwiba. Mshumaa umeme ukikatika, vilevile. Tumieni chandarua, na pindo zake ziingie chini ya godoro pande zote kabla watu hawajapanda, maana wakishapanda huwezi kuliinua. Na jiko la mkaa lisilale ndani kupasha chumba joto, hilo wala si habari ya godoro, hewa yake inaua watu wamelala.

La tatu, pini. Mawifi wakirudi Namugongo wamechoka watajitupa na nguo zao. Pini ya kilemba, pini ya gomesi, hereni, ufunguo mfukoni. Weka kisahani juu ya meza waviachie humo.

BintiKagera

Nnalongo kasema yote. Nyongeza yangu ni kwamba mtu akae kwanza katikati ndipo alale, asikae pembeni kufunga viatu. Pembeni ndipo panapochoka haraka, na mwenziwe aliyelala upande wa pili anarushwa.

MamaTabu_Kireka

Ndugu zangu, nimepata pampu ya mguu Kikuubo. Tumelijaribu jana na watoto, kijana wangu kapiga pampu mpaka kanyamaza mwenyewe. Tumelala mimi na binti yangu. Asubuhi lilikuwa limelegea lakini hatujagusa chini. Leo nimeongeza, naona linashika zaidi. Je, nitajuaje kama ni huko kutanuka au ni pancha ya kweli?

FundiPancha_Kisenyi

Hapo sasa ni kwangu.

Lijaze usiku, usilale juu yake, usiliguse. Asubuhi likiwa kama ulivyoliacha isipokuwa ulegevu kidogo, ni baridi na kutanuka. Likiwa limelala kabisa bila mtu, ni tundu.

Tundu unalitafuta hivi. Anza mdomoni, si mwilini. Magodoro mengi ninayoletewa yanavuja kwenye kizibo: punje ya mchanga imekaa kwenye raba, au unyuzi wa blanketi. Futa, funga tena, jaribu. Kama si hapo, chukua sabuni ya unga, koroga kwenye maji kidogo mpaka povu, pakaa kwa sifongo kipande kwa kipande, kuanzia mishono. Panapovuja povu linakua lenyewe. Tundu dogo sana halitoi povu mpaka mtu akae juu kuongeza msukumo. Ukilipata zungushia kalamu ya bik HAPOHAPO, kwa sababu ukishafuta sabuni hulioni tena.

Usilizamishe kwenye beseni kama tyubu. Hasa lenye pampu ndani.

Mzee_wa_Bombo

Mkeka hauna mishono.

Nnalongo_Jinja

Mzee jamani!

MwongozaHema

Nimwachie neno yule ambaye godoro lake halina pampu ndani, maana maswali yameanza kuja pembeni. Mdomo wa hayo una hatua mbili. Ukifungua kifuniko cha juu peke yake, ndani kuna kiulimi cha raba: upepo unaingia, hautoki. Hapo ndipo pa kutilia. Chini yake kuna duara kubwa lenye nyuzi zake, ukilifungua lote ndipo pa kutolea. Nimekuta watu wazima wamechuchumaa wanabonyeza kile kiulimi kwa kidole robo saa nzima, jasho linatoka, na duara la kutolea liko palepale chini ya kidole.

Na mdomo wa aina hiyo hata pampu si lazima. Chukua kaveera (mfuko wa plastiki) kubwa la takataka, jipya, lipunge hewani lijae, kusanya shingo yake kwenye mdomo wa godoro, kisha lilalie. Upepo wote unaingia. Rudia. Kaveera kubwa linabeba makumi ya lita kwa mara moja, hesabu za Dereva zinageuka kabisa.

MamaTabu_Kireka

Nimerudi. Wageni wameondoka na basi la alfajiri, wamefurahi, na wifi mkubwa kaulizia linauzwa wapi. Mama mkwe alilijaribu mchana akakataa kutoka.

Sasa kazi ni kulikunja. Nimefungua kizibo, limetoa upepo nusu, lililobaki limekataa. Nikilikunja upande huu linavimba upande ule. Boksi linanitazama tu.

BintiKagera

Usikunje kitu kabla ya kukifuta. Watu wamelitokea jasho. Kitambaa chenye maji ya uvuguvugu na sabuni kidogo, kisha kitambaa kikavu, kisha liache kivulini, bado lina upepo nusu ili mikunjo isifiche maji. Ule uso wa juu wenye manyoya kama mahameli unashika unyevu kuliko unavyodhani. Ukilikunja bichi, mwezi wa kumi na mbili utalifungua lina madoa meusi na harufu ya shimo.

Jua la moja kwa moja hapana. Plastiki inakauka, inakakamaa, baadaye inapasuka kwenye mikunjo.

MwongozaHema

Sawa, Mama Tabu, likikauka fanya hivi, na uwe na mtu mmoja wa kukusaidia.

Kwanza toa shuka zote, vua pete. Fungua mdomo mkubwa wa kutolea. Kwenye godoro lako lenye pampu, zungusha kile kitufe upande wa kutoa upepo na ukifungue kile kizibo cha pembeni pia, njia ziwe mbili. Liache lishuke lenyewe. Usiruke juu yake, watoto watakuomba, wakatalie.

Tazama mdomo uko mwisho upi. Kila unachofanya kuanzia sasa kinasukuma upepo kuelekea huko. Lililokuchosha ni kwamba ulikuwa unaanzia upande wa mdomo, kwa hiyo upepo ulikuwa unaukimbiza kwenye pembe isiyo na mlango.

Kunja ubavu mmoja kuja katikati, kisha wa pili uje juu yake, upana uwe mdogo kuliko boksi, usilingane nalo. Pampu na mdomo vibaki wazi juu. Anza upande wa mbali na mdomo, viringisha ukipiga magoti juu ya kila mviringo, taratibu, upepo unasikika unatoka. Ukifika mdomoni hujamaliza. Hapa ndipo siri ilipo: ukiwa bado umelibana kwa magoti, FUNGA vizibo vyote. Halafu likunjue tena lote.

Ndiyo, likunjue. Sasa upepo hauwezi kurudi, limenyauka, limeshikana. Likunje upya, kwa nafasi, lilaze vizuri, upana unaotaka. Mviringo wa pili siku zote ni mdogo kuliko wa kwanza, kiupepo kidogo kilichobaki unakisukumia mdomoni, unafungua kidogo, kinatoka, unafunga.

Wenye pampu za mkono au za betri: nyingi zina matundu mawili, moja la kupuliza na la pili la kunyonya. Chomeka mrija kwenye lile la kunyonya, godoro litajikunjia karibu lenyewe. Mama Tabu, tazama pampu yako ya mguu ubavuni, huenda tundu hilo lipo.

MamaTabu_Kireka

Lipo! Lina kifuniko chekundu. Limekuwa jembamba mpaka nimeogopa.

Mviringo wa pili umeingia kwenye boksi, ila boksi limechanika kona.

BintiKagera

Boksi achana nalo. Kadibodi ni ngumu, kona zake zinakwaruza, na panya wanaipenda. Shona mfuko wa shuka kuukuu au foronya kubwa, wenye kamba, uwe mpana kuliko godoro. Likikaa kwa kulegea kidogo mikunjo haikatiki.

FundiPancha_Kisenyi

Nakubaliana. Na usilikunje kwenye mistari ileile kila mara. Ninayoletewa yametobokea kwenye mikunjo, hasa zile kona ambapo mkunjo unakutana na mkunjo. Safari hii anzia kushoto, safari nyingine kulia.

KijanaArua

Langu naliweka juu, kwenye dari chini ya mabati. Nilipolishusha lilikuwa limenatana kama limepakwa asali.

MwongozaHema

Chini ya mabati ya Arua mchana hata mimi ningenatana. Joto linalainisha plastiki, tabaka zinashikana, ukizibandua kwa nguvu unachuna. Lifungue polepole chumbani penye ubaridi. Kabla ya kulihifadhi pakaa poda ya mtoto kidogo upande wa plastiki. Chini ya kitanda panafaa, ila ndani ya sanduku la bati au ndoo kubwa yenye kifuniko, kwa ajili ya panya. Na kila baada ya miezi kadhaa litoe, lijaze, liangalie, hasa kabla wageni hawajapanda basi.

Dereva_Njia_Kuu

Fundi, swali la mwisho. La kwangu limetoboka juu, kwenye ule upande wenye manyoya. Nimebandika kiraka cha tyubu kwa solusheni ya baiskeli, kimetoka usiku uleule.

FundiPancha_Kisenyi

Kingeshikaje? Solusheni ya baiskeli inashika mpira, na hiyo ni plastiki, PVC. Gundi kali ya matone nayo usiiguse: inakauka ngumu, godoro linapinda, gundi inapasuka na kuongeza ufa. Tafuta gundi ya PVC, ile ya kubandikia vitu vya kuogelea au maturubai ya malori. Dereva wewe, waulize wanaoshona turubai, wanayo.

Upande wa manyoya ni lazima uyaondoe. Toa upepo wote. Kwa msasa laini sugua duara kubwa kuliko kiraka mpaka uione plastiki inang'aa, polepole, usije ukaitoboa yenyewe. Futa kwa spiriti, iache ikauke. Kata kiraka cha mviringo, si cha pembe, pembe ndizo zinazoanza kubanduka. Pakaa pande zote mbili, bandika, weka kitu bapa kizito juu, na uliache siku nzima bila kulitia upepo. Watu wanaliwekea saa moja halafu wananiletea mimi.

Dereva_Njia_Kuu

Na kama ni kwenye mshono?

FundiPancha_Kisenyi

Mshono ukiachia, kiraka kinapata cha kushika upande mmoja tu. Nimeshawarudishia watu pesa kwa sababu hiyo, siku hizi sipokei. Kata uso wa chini, ni plastiki nzuri, utandike chini ya godoro jipya.

Mzee_wa_Bombo

Au chini ya mkeka.